Makiwa Huenda na Tunayo

Mjukuu wangu Zuhura,

Marahaba, shikamoo yako imenifika. Arobaini ya bibi yako imepita na ndugu wamesharudi makwao. Miguu yangu usiiulize.

Umeniuliza kuhusu maneno yanayoandamana, somo lako la chuoni, ukasema kwa Kiingereza hata watu wa kompyuta wana neno linalofanana na hilo, la kuweka mitambo ya wenyewe mbalimbali chumba kimoja. Mimi nayajua mawili tu.

Miaka ya hamsini, mama yangu alipofariki pale Msimbazi, kila aliyeingia kutoa pole alisema, "Makiwa," yaani huzuni ya kufiwa, nasi wafiwa tukajibu, "Tunayo." Akaja jirani yetu mwenye duka, Mchaga, mgeni wa mila zetu. Akavua kofia mlangoni, akasema, "Tunayo."

Watu wakainamisha vichwa kuficha kicheko. Baba hakucheka. Alisogea kumpisha kwenye jamvi letu wafiwa, akamwambia, "Basi kaa hapa." Yule bwana akakaa na sisi wafiwa mpaka tulipokwenda kuzika.

Siku hizi makiwa naambiwa kwa simu. Najibu tunayo, maana ndivyo yanavyokwenda, kisha naweka simu chini. Sina haja ya kusogea kumpisha mtu. Jamvi zima ni langu.

Babu yako