Amemuuza Mpwa Wake Kabla Hajatoka Chumba cha Upasuaji

Mwenzangu, upo? Niko nje ya hospitali, nimekaa kwenye ngazi. Ndani sirudi.

Mshale, mpwa wa mume wangu, amevunjika mguu leo uwanjani, mechi ya ligi haijafika hata mapumziko. Sasa hivi yuko chumba cha upasuaji. Wifi yangu, mama yake, amelia mpaka sauti imekauka.

Na kaka mtu, huyu mume wangu? Ameinamia simu. Nikasema moyoni, masikini, anatafuta watu wa kuchangia damu.

Nikachungulia. NI ILE APP YAKE YA FANTASI! Ile ya kununua wachezaji wa ligi, kupanga timu kwenye simu na kuvuna pointi. Anamuuza Mshale. Mpwa wake wa damu!!

Yule yule aliyetupigia kelele msimu mzima, "Huyu ni damu yangu, hatoki kwenye kikosi changu."

Nikamfinya. "Unafanya nini wewe?" Akaninong'oneza bila hata kuinua macho, "Ngoja kwanza, bei yake itashuka kabla ya jioni."

Bei yake. Mtoto yuko chini ya kisu, yeye ananiambia bei yake!

Subiri, bado. Wifi akanyanyuka, akaja kumshika bega. "Asante kaka. Nakuona unavyohangaika na hiyo simu kwa ajili ya mwanangu."

Nikajua hapo sasa ataona haya. Weee!

Akaitia simu mfukoni, akamkumbatia dada yake, akamwambia, "Usijali dada. Nimeshamaliza."