Mashine Ndefu Kuliko Paa

Jumamosi. Mvua inanyesha Nyahanga tangu asubuhi, matope mpaka mlangoni, na mimi nina hasira kiasi kwamba hata uji umenishinda.

Mashine imefika. Mashine ya pili ya kutengeneza nailoni za kufungashia, ambayo mdogo wangu Masanja aliinunua Dar bila kuniuliza. Nilijua habari zake siku aliyopiga simu kusema imeshapakiwa kwenye lori.

Sikatai kwamba tunaihitaji. Siku hizi Kahama nzima inafungasha: mchele, unga, karanga, mpaka dagaa. Kimashine chetu cha zamani kinafanya kazi usiku na mchana na bado hakitoshi. Mama Shija, mfungashaji wa mchele na mteja wetu mkubwa, ameshaniambia wazi, "Mama Kulwa, nakupenda, lakini mchele wangu hautakaa uchi. Wiki ijayo nanunua Mwanza."

Basi mafundi wakaanza kuiunganisha. Plastiki ikishayeyuka hupulizwa kwenda juu kama puto refu, kisha hubanwa na rola zilizo kileleni. Ndiyo maana mashine kubwa huwa ndefu. Masanja analijua hilo kama mimi. Alipima sakafu, akapima mlango. Juu hakuangalia.

Kilele kiligonga kenchi za paa.

Nilimtazama Masanja. Yeye akatazama bati.

Tukamwita mwenye banda, Mzee Luhende, tukamwamkia vizuri, tukamwomba aturuhusu kuinua paa.

"Yaya!" akakataa kwa Kisukuma. "Bati langu haliguswi, tena na mvua hii. Kama juu hapatoshi, nendeni chini."

Alisema kwa kejeli. Masanja akayachukua maneno hayo kuwa kibali. Aliwahi kuchimba dhahabu Segese, na wenzake wa zamani hawako mbali. Mchana wanaume wanne walikuwa wameshavunja sakafu na wanashusha shimo ndani ya kiwanda changu, kama watu wanaofuata mwamba wa dhahabu. Udongo ukarukia nailoni safi. Nilipiga kelele. Hawakunisikia, walikuwa wanaimba.

Na Kahama ni Kahama. Watu wakiona wachimbaji wanatoa udongo ndani ya nyumba, hawahitaji kuambiwa. Jirani akachungulia. Mwingine akaja na karai. Jioni mlango umejaa watu na miavuli, nami nimesimama hapo nikiwaeleza habari za rola na puto la plastiki. Mama mmoja akanijibu kwa upole, "Sawa, mama, ficha tu. Hata mimi ningeficha."

Nilikaribia kulia.

Halafu Mzee Luhende akarudi, mbio, na mkokoteni. "Udongo ni wangu," akasema, "umetoka kwenye kiwanja changu." Akaupakia wote, kiroba baada ya kiroba. Alipomaliza akainama juu ya shimo na kuwaambia wachimbaji kwa sauti ya baba mzazi, "Chimbeni, wanangu. Msiogope kwenda chini."

Mashine itaingia. Fundi amepima, safari hii mpaka kwenye kenchi. Zege la kwenye shimo likishamwagwa na kukauka tutaiwasha, kama mvua haitajaza shimo kwanza. Nimempigia Mama Shija kumwomba avumilie kidogo. Amecheka sana. Hakuahidi kitu.

Watu walipotawanyika nilimuuliza Masanja kwa nini hakunishirikisha.

"Dada, ungesema tusubiri."

"Ningesema tusubiri, na ningepima juu."

Hata hivyo, Masanja anasema kweli. Ningesema tusubiri mavuno, kisha tusubiri umeme utulie, mpaka wateja wote wahamie Mwanza. Nalijua hilo na linanikera kuliko shimo lenyewe.

Lakini kiwanda hiki tulikianzisha wawili. Kesho, kabla mafundi hawajafika, nitamkalisha chini nimuulize: Masanja, hii biashara ni yetu, au mimi nimekuwa mfanyakazi wako na hukuwahi kuniambia?