Nukta Nyekundu ya Kumlengea Nyani

Mjukuu wangu Deo,

Marahaba. Huku Murusagamba hatujambo, ni bibi yako tu anayegombana na mbuzi. Unauliza bunduki yako ya ulinzi wa wanyamapori uifunge kilengeo cha nukta nyekundu ya taa au cha hologramu, kile kinachochora alama kwa leza. Nimeulizia huku na huku: cha hologramu kinamaliza betri haraka, na porini hakuna duka. Chukua nukta.

Ila fumbua macho yote mawili. Nilipomchumbia bibi yako, baba yake alinipa gobore nilinde muhogo wake, aone kama nafaa kuoa. Nikapaka ncha ya mtutu rangi nyekundu ya kucha, nikafumba jicho la kushoto, nikamlenga nyani aliyekaa kwenye kichuguu. Nililenga kwa ufundi mkubwa mpaka mzee akafika.

"Wewe kijana, unalenga nini?"

"Nyani, baba."

"Na huyu je?"

Kushoto kwangu, karibu anipige kikumbo, nyani mwingine alikuwa anamenya muhogo.

Mzee akaninyang'anya gobore. "Binti nitakupa. Muhogo nitalinda mwenyewe."

Bibi yako anakusalimu, na anasema nyani walikuwa watatu, mmoja ameshika gobore.

Babu yako