Kiti Kilichopimwa Mlangoni

4 Februari

Kwa mwanangu Bi Maswali,

Hujambo huko? Mimi sijambo kabisa, goti tu ndilo linajifanya lina akili zake. Naandika mwenyewe, sikumpa mtu kalamu, kwa hiyo ukiona mistari inapanda mlima ujue mkono huu umezoea msumeno.

Habari kwamba umekuwa balozi wa mambo ya utamaduni nimeisoma, nikairudia, nikaenda kumsomea fundi viatu wa hapo mbele. Akauliza, "Si ulisema anafundisha falsafa?" Nikamwambia alifundisha, akaandika na vitabu vinene, sasa wakubwa wameona bora wamsikie mdomoni. "Na falsafa ndiyo kazi gani?" Kufikiri. Akasema hata yeye anafikiri kutwa, mbona hakuna aliyemfanya balozi? Nikamwambia wewe unafikiria soli.

Sasa sikiliza. Balozi wangu hakalii viti vya kiwandani. Nakutengenezea kiti, bila msumari hata mmoja. Kipimo chako ninacho. Nilikichora kwa penseli kwenye mwimo wa mlango wa karakana, alama ya goti na alama ya utosi, siku ile ulipokwenda shule ya bweni na sanduku kubwa kukuzidi. Hakuna seremala mji huu anayenifikia, na waliokuwa wananifikia wamekufa.

Ni mimi baba yako, Fundi Mkuu.

27 Aprili

Baba yangu mpenzi,

Shikamoo. Barua hii ikukute mzima, na goti liwe limeshika adabu.

Kiti kimefika salama. Nilipofungua sanduku ofisi nzima ilinukia karakana. Nilikaa chini sakafuni nikalia kidogo, kisha nikapiga chafya kwa vumbi la mbao. Asante, baba.

Kazi ni nzito. Nchi mbili jirani zinagombania ngoma moja. Kila moja inataka iandikwe kwenye orodha ya urithi wa dunia kuwa ni yake peke yake, na mimi ndiye niliyewekwa katikati. Kwenye vitabu vyangu niliandika kwamba ngoma haina mwenyewe, ina walezi. Kuandika kulikuwa rahisi. Hawa wajumbe wawili hawasalimiani hata kwenye lifti.

Likizo mwaka huu naona itanipita tena. Nisamehe.

Mwanao.

15 Julai

Kwa Bi Maswali,

Marahaba, ile shikamoo nimeipokea, ingawa imeshapoa. Mimi mzima. Wewe je, unakula?

Umesema kiti kimefika, hukusema kama unakikalia. Mtaa mzima nimeuambia kwamba mataifa yanakutana mbele ya kiti changu. Usinifanye mwongo uzeeni.

Na hukuja. Sikuulizi kwa nini. Nasema tu kwamba hukuja.

Ni mimi baba yako, Fundi Mkuu.

3 Oktoba

Bi Maswali,

Leo sikusalimu. Haya, hujambo.

Fundi viatu amevuka barabara mbio, na yule hata mvua haimkimbizi. Ana gazeti mkononi. "Mzee mwenzangu, mbona binti yako kama amekaa kwenye ndoo?" Nikavaa miwani. Ni wewe kweli, na kiti ni changu kweli, naujua ule mgongo. Meza imekufika kidevuni! Mmoja pembeni yako anacheka kajiziba mdomo.

Muda wote huu ulijua, ukanyamaza.

Kosa ni la meza. Waikate. Lakini kama wanakucheka wewe kwa ajili yangu, basi kitoe mwanangu, kitupe stoo. Hapa mtaani nitasema kimeibiwa.

Fundi.

20 Oktoba

Baba yangu,

Shikamoo. Kiti hakitoki.

Siku ya kwanza nilipokikalia mezani wahudumu walikimbilia kuniletea mto. Nikaukataa. Mjumbe mmoja, mrefu, hajawahi kutabasamu, akauliza, "Mheshimiwa, umezama?" Yule hasimu wake akacheka, na mwenyewe akajikuta anacheka. Ndiyo ilikuwa mara ya kwanza wao kucheka kitu kimoja. Nikawaeleza kwamba baba yangu alinipima nikiwa mtoto, na kwake sijaacha kuwa mtoto. Kisha yule mrefu akasema mama yake mpaka leo humkatia nyama kwenye sahani.

Sisemi kiti ndicho kilicholeta mapatano, maana baada ya hapo tulibishana wiki nyingi sana. Lakini wametia saini, nchi mbili, mstari mmoja. Picha uliyoiona ni ya siku hiyo.

Sikukuambia kwa sababu ungekirekebisha. Mimi nakipenda hivyo hivyo.

Wizara inataka niendelee huku miaka mingine minne. Wanangoja jibu. Ukitaka kutengeneza kingine, nyuma ya karatasi hii kuna vipimo vyangu vya sasa. Amenipima katibu wangu.

Mwanao.

9 Novemba

Mwanangu,

Marahaba, marahaba tena. Mimi mzima, goti linakusalimu.

Barua nimemsomea fundi viatu kwa sauti: kiti changu kimepatanisha nchi mbili. Ule mstari wako wa "sisemi kiti ndicho" nimeuruka, macho hayakuuona vizuri.

Vipimo vya katibu nimevitupa. Katibu ni seremala? Mimi sipimi mtu kwa barua.

Na kiti hakina kosa, nilisema na nasema. Wewe ndiye umekua bila kuniaga. Leo nilisimama pale mlangoni, nikaweka mkono kwenye alama ya utosi, nikajaribu kukisia umefika wapi. Nikapandisha mkono, nikapandisha tena, sikujua pa kuusimamisha.

Hiyo miaka minne ni juu yako, siingilii mambo ya mataifa. Lakini njoo nikupime. Na vile viatu virefu uviache, sipimi viatu. Penseli nimeshaichonga.

Ni mimi baba yako.

24 Novemba

Baba,

Shikamoo.

Wizara nimewajibu kwamba siwezi kusema ndiyo wala hapana mpaka kwanza nikapimwe. Wameandika kwamba hawajanielewa. Wasubiri.

Nafika Jumamosi asubuhi. Usije kunipokea, na goti hilo. Kaa karakanani, mlango uwe wazi.

Viatu nitavivulia nje.

Mwanao, Bi Maswali.