Kanga ya Manjano kwa Mama Mkwe Mkali

Mdogo wangu Mwanaidi,

Huku Rockville, Marekani, baridi imeanza na miti imegeuka manjano kama biriani. Nimemwona kwa macho yangu yule Mhispania anayeigiza mama mkwe mkali kwenye tamthilia yetu, yule jirani wa mwanangu Zuhura! Mpole ajabu. Kanipikia kimanda cha viazi, nikaona hii si chipsi mayai yetu? Alipanda jukwaani akiwa msichana mdogo, filamu zikaja baadaye, na ule ukali anasema alikuwa akiufanyia mazoezi mbele ya kioo.

Jumamosi ulikuwa mchezo wake wa mwisho kabla ya kustaafu. Nikamfuata nyuma ya jukwaa kabla hajapanda, nikamfunulia ile kanga ya manjano uliyomchagulia ili apumzike na magauni meusi ya kwenye tamthilia. Akaruka kama kaona nyoka! Zuhura akaninong'oneza, "Mama, si ungeniuliza? Kwa waigizaji wa kwao Hispania, manjano jukwaani ni nuksi." Nikaikunja, nikaenda kukaa, nikimwomba Mungu asisahau hata neno moja.

Hakusahau. Makofi yalipokwisha akanijia na mkono kaunyoosha, Zuhura akitafsiri: "Nipe kanga yangu. Maisha yangu yote sijavaa manjano. Sasa jukwaa litanifanya nini?" Nikamfunga kiunoni mwenyewe.

Leo asubuhi nimemwona nayo, anafagia majani mlangoni huku anaimba.

Nimekukumbuka mno, kipenzi. Nibusie watoto, na akitokea tena kwenye runinga, usimtukane.

Dada yako,
Saada