Kitambaa cha Mama Shiru

Jumapili jioni. Mawingu yametanda Kaloleni tangu asubuhi, na baridi imeingia hadi kwenye mifupa. Simu nimeizima. Watu wananipongeza, nami naona aibu.

Jana filamu yetu ilionyeshwa kwenye televisheni. Ni filamu ndogo, zile ambazo waigizaji hujiletea nguo kutoka nyumbani. Nilipewa nafasi ya mama wa kanisa anayeiba sadaka na kulewa hadi kuanguka mtaroni. Baada ya miaka ya kubeba sinia nyuma ya wengine bila neno la kusema, nilifurahi mno.

Nilihitaji kitambaa cha kichwa cha akina mama wa kanisa. Hakivaliwi ovyo, mtu hufundishwa kwanza, kisha huvishwa mbele ya ushirika wote. Nikamwomba jirani yetu Mama Shiru, aliyenilea mama yangu alipokuwa kazini. Nilimwambia naigiza mama wa kanisa. Nikaishia hapo.

Alikipiga pasi kabla ya kunipa.

Nilijua angekataa kama ningemweleza yote. Na pale mtaroni nikakivua, nikajipangusia matapishi, jambo ambalo hata halikuandikwa. Mwelekezi alinisifu, nami nikavimba kichwa. Nilikifua, nikakirudisha kikinukia sabuni. Akanishukuru.

Jana aliwaalika wenzake wa kanisa waje kunitazama. Chai, mandazi, mimi katikati yao kama bibi harusi. Kamera ikakaribia mtaro, na kona ya kitambaa ikaonekana, ina kiraka alichokishona mwenyewe. Wote wanakijua kiraka hicho. Wakaanza kutafuta mikoba yao.

Leo asubuhi Mama Shiru aliketi nyuma kabisa kanisani, amevaa leso ya kawaida. Mwenyekiti wa akina mama amemwambia asivae kile kitambaa mpaka ajieleze mkutanoni Alhamisi. Neno moja tu lingemtoa lawamani, kwamba nilimficha ukweli. Hajalisema.

Nilimsubiri mlangoni. Nikashindwa hata kumwangalia.

"Uliigiza vizuri, mami," akasema. "Lakini si ungeniambia tu?"

Afadhali angenitukana.

Alhamisi nitaenda mimi. Nitasimama mbele yao na kusema kwamba hakujua, kwamba nilimficha kwa sababu niliitaka ile nafasi kuliko nilivyomjali. Naogopa, mimi ambaye kusimama mbele ya watu ndiyo kazi yangu.

Nitasema. Lakini hata wakimsamehe, atakivaa tena?