Wito wa Bibi Mahtab

Milima ya Zagros, Iran
6 Aprili 2025

Mama yangu kipenzi,

Shikamoo. Mimi mzima, ila mgongo unalalamika kwa kulala chini. Presha yako vipi? Unakunywa dawa, au unamdanganya tena kaka Yaqdhan?

Wafugaji wa filamu yangu wameanza kuhamia malisho ya juu, nami nawafuata na kamera. Bibi Mahtab, mwenye hema ninamolala, amekubali nimrekodi. Huwaita kondoo wake kwa sauti tu, haina maneno, na hawamfuati mwingine yeyote, hata mwanawe Siavash. Nimeanza kutunga muziki wa filamu juu ya wito huo. Nakutumia usikie. Nataka wito huo ubaki, mama, hata siku wafugaji wakiacha kuhama.

Mwanao,
Mazoon

Bawshar, Maskati
9 Aprili 2025

Mwanangu Mazoon,

Marahaba. Alhamdulillahi, sisi wazima. Dawa nnakunywa, mwambie mpelelezi wako. Watu wakiniuliza habari zako nnaona haya: msichana kaacha ofisi yake ya Al Khuwair yenye kiyoyozi, kenda kulala na kondoo! Lakini ile sauti niliisikiliza garini, nimesimama kwenye taa, nikalia hata wa nyuma wakanipigia honi. Msalimie sana Bibi huyo. Kaka yako anasema huko mvua hazikunyesha. Kweli? Maji mnayo?

Mama yako,
Masouda

Bawshar
4 Mei 2025

Mazoon mwanangu,

Salamu kwanza. Hukunijibu, na simu yako haipatikani. Nnajua milimani mtandao shida, lakini roho ya mzazi haijui hayo. Niandikie japo mstari mmoja.

Mama

Zagros
11 Mei 2025

Mama,

Shikamoo, na unisamehe. Leo ndiyo nimepata mtandao. Mwili mzima, moyo ndio mgonjwa.

Ni kweli, mvua haikunyesha. Visima vilikauka, vitoto vya kondoo vikaanza kufa, na Siavash akaamua kuuza kundi lote kabla halijaisha. Lori la machinjioni likaja. Kondoo wakagoma kupanda. Wakavutwa, wakapigwa, wakatawanyika. Siavash akamwomba mama yake awaite. Bibi akakataa. Ndipo Siavash akanigeukia mimi: "Dada, sauti yake unayo."

Nilimtazama Bibi. Dereva alikuwa anataka kuondoka, na Siavash hana kingine cha kuwalisha watoto wake. Nikaiweka spika ndani ya lori, nikaiwasha sauti ya Bibi. Walipanda wenyewe, mama, mmoja baada ya mwingine, wakimtafuta Bibi mle ndani.

Kamera ilikuwa inarekodi. Filamu imepata mwisho wake, na siwezi kuitazama. Nifanye nini?

Mazoon wako

Bawshar
12 Mei 2025

Mwanangu,

Nimekaa na barua yako tangu adhuhuri, chakula kimepoa. Maji yakimwagika hayazoleki, na mimi niko huku ng'ambo, hata mkono siwezi kukushika. Usimwombe Bibi radhi kila saa, utamchosha. Muulize kama amekula, kisha kaa naye.

Mama

Zagros
14 Mei 2025

Mama,

Shikamoo. Nilimuuliza. Anakula kidogo, nikimpikia mimi.

Kila alfajiri bado anatoka mlangoni pa hema, kwa mazoea ya kuwaita kondoo. Halafu anauziba mdomo wake kwa ncha ya mtandio, anaushikilia hivyo mpaka jua litoke. Nami nimekaa kando yake.

Mwanao,
Mazoon